Mbwa au Paka Asiyetembea Vizuri: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara kuhusu Kumchangamsha

Maswali haya hutoka kwa watu wanaoishi na wanyama waliopooza, waliokatwa mguu, waliokakamaa viungo kwa uzee, au walioambiwa wasitembee baada ya upasuaji. Mengi yanahusu mbwa na paka. Sungura wana swali lao karibu na mwisho. Palipo na lazima ya daktari wa mifugo, nimesema wazi.

## Mambo ya kwanza

Kumchangamsha ni nini hasa, ikiwa hata kusimama hawezi?

Ni kumpa kazi, kitu cha kuchunguza, na nafasi ya kuamua. Mbwa mzima akitoka getini hupata yote matatu bila mtu kuyapanga: ananusa nguzo ya stima iliyokojolewa na mbwa wa jirani, anasimama kusikiliza bodaboda, anakuvuta kwenye kona anayoitaka yeye. Miguu ikigoma, hayo yote hukatika siku moja, ilhali pua, masikio na akili vimebaki vilevile. Hapo ndipo watu husema mnyama wao amekuwa mnyonge ingawa kidonda kimepona. Analishwa, anapewa dawa, lakini kutwa kucha anatazama ukuta uleule.

Basi yale asiyoweza kuyaendea huletewa pale alipolala. Vifaa vingi tayari viko jikoni kwako au kwa mama mboga. Kinachotakiwa zaidi ni dakika zako, na macho ya kuona anapenda nini.

Si heri apumzike tu? Kumfanya atafute chakula naona kama kumtesa.

Anayeuliza hivi huuliza kwa huruma, na huruma hiyo ni njema. Ila wanyama wengi hupenda kukifanyia kazi chakula chao. Mwaka 1963 mwanasaikolojia Glen Jensen aliwawekea panya wa maabara bakuli lililojaa chakula cha bure, na bado wengi wao wakaenda kubonyeza wenzo ili wapate chakula kilekile. Tangu hapo tabia hiyo imeonekana kwa wanyama wa aina nyingi.

Paka ni kando. Utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2021 ulikuta kwamba paka wengi wakipewa hiari huchagua chakula kilicho wazi. Kwa hiyo mbwa unaweza kumpa sehemu kubwa ya mlo wake kama mchezo, lakini paka mwachie bakuli lake na mchezo uwe wa nyongeza. Mnyama yeyote asilazwe njaa ili "ajifunze".

Nitajuaje kwamba shida yake ni uchovu wa kukaa bure, si ugonjwa?

Mara nyingi hujilamba mguu mmoja mpaka manyoya yaishe, hutafuna blanketi, hulia unapotoka chumbani, au hubaki kama alivyo hata akisikia funguo zako mlangoni. Lakini kujilamba na kulia ni dalili za maumivu pia, kwa hiyo maumivu yaondolewe kwanza. Soma swali linalofuata.

Ni lazima nimwone daktari kabla ya kuanza michezo?

Ndiyo. Mnyama kushindwa kutembea kuna sababu nyingi, na kila sababu ina makatazo yake. Mbwa wa aina ya German Shepherd, ambao Nairobi wamejaa kwenye ulinzi, wengi hurithi tatizo la nyonga zisizokaa sawasawa, linalojitokeza wanapokua. Mbwa wa mgongo mrefu na miguu mifupi hupatwa na kuteguka kwa diski za uti wa mgongo, na mchezo wa kupindapinda mwili unaweza kumharibu zaidi. Kuna waliogongwa na magari, na kuna wanaoishiwa nguvu kwa magonjwa ya kupe, ambayo hutibika yakiwahiwa.

Miguu ya nyuma ikilegea ghafla, huo ni dharura ya siku hiyo hiyo, si ya kungoja Jumatatu. Nitaje na jambo ambalo wengi hawalitarajii: makadamia. Zinalimwa Kiambu na Murang'a na kuuzwa hapa Nairobi, na mbwa akizila anaweza kulegea miguu ya nyuma, kutapika na kutetemeka ndani ya saa 12. Wengi hupona baada ya siku moja au mbili wakiangaliwa vizuri, lakini daktari lazima aambiwe alichokula, maana kwa macho tu utadhani amevunjika mgongo.

Hakikisha daktari amesajiliwa na Bodi ya Madaktari wa Mifugo ya Kenya. Chuo Kikuu cha Nairobi nacho kina kliniki ya wanyama wadogo katika kampasi yake ya mifugo, Upper Kabete.

Naweza kumpa dawa ya maumivu ya binadamu wakati nangoja daktari?

Hapana. Parasetamoli humuua paka, na kidonge kimoja tu kinaweza kutosha. Ibuprofen na diclofenac hutoboa tumbo la mbwa na kuharibu figo. Piga simu kliniki, eleza uzito wake, upewe dawa ya wanyama.

## Pua kwanza

Nianze na mchezo gani?

Trei ya mayai. Ile ya karatasi ngumu, ya mayai 30, ambayo muuza duka anakupa bure. Chagua safi isiyomwagikiwa na yai, ianike juani, kisha tia vipande vidogo vya chakula katika matundu machache na uyafunike kwa karatasi iliyofinyangwa. Iweke mbele ya kidevu chake, pale anapofika bila kujivuta.

Kuna mbwa mmoja wa mtaa wa Umoja, wa kienyeji, mwekundu, aliyegongwa na matatu akapooza nyuma. Mara ya kwanza alipowekewa trei yenye maini makavu hakunyanyua hata kichwa. Kisha ncha ya pua ikaanza kutikisika. Akavuta hewa kwa pumzi fupifupi zenye sauti, akasogeza kidevu, akapuliza karatasi ya kwanza ikaruka. Alipofika tundu la nne masikio yalikuwa yamesimama na miguu ya mbele imekaza, ananyanyua kifua mwenyewe ili afikie safu ya mbali. Hayo ni mazoezi ya viungo pia, na hakuna aliyemlazimisha.

Mbwa anayemeza karatasi usimpe trei ya karatasi. Tumia ya plastiki, au chombo cha kugandishia barafu, au taulo uliloviringisha chakula ndani yake. Kaa naye mpaka amalize.

Nikishazoea trei, nimletee nini kingine cha kunusa?

Hapa ndipo penye utajiri. Mbwa ana mamia ya mamilioni ya vipokezi vya harufu puani. Sisi tuna milioni chache tu. Asichoweza kukitembelea, mletee harufu yake. Kila siku ukirudi nyumbani mfikishie kitu kimoja: jani la mkaratusi uliloliokota njiani, majani ya karoti kutoka kwa mama mboga, tawi kutoka kwenye ua wa jirani mwenye mbwa, gunia tupu la viazi, udongo wa baada ya mvua ya kwanza kwenye mkebe. Viatu vyako vyenyewe ni gazeti zima. Vivue karibu naye, umwache avisome kabla hujaviweka mahali pake.

Omena hufanya kazi ya ajabu kwa mbwa na paka. Chemsha bila chumvi wala kitunguu, ficha mmoja mmoja chini ya vikombe vya plastiki vilivyotobolewa, na umwache aonyeshe kwa pua ni kikombe gani. Maji uliyochemshia yakipoa, yagandishe. Kipande cha barafu ya omena kwenye sinia humweka paka mzee kazini muda mrefu, na humwongezea maji mwilini.

Waliowahi kwenda kuona ndovu yatima wa Sheldrick, kwenye Mbuga ya Taifa ya Nairobi, huenda wamemwona Maxwell, kifaru mweusi aliyeokolewa mwaka 2007 akiwa ndama kipofu. Pale ndani ya zizi lake yeye huijua mbuga kwa pua na masikio. Nawakumbusha hivyo wanaodhani kwamba mnyama asiyefika mahali hawezi kupajua.

Usimletee mnyaa, kwa sababu utomvu wake huunguza macho na mdomo. Mafuta makali ya kupaka au ya kufukiza yasikaribie paka.

Vyakula gani nisivitumie kwenye michezo hii?

Chokoleti, vitunguu vya aina zote, zabibu mbichi na kavu, makadamia, na chochote chenye sukari ya zailitoli (xylitol). Soma maandishi ya mkebe kabla ya kutumia siagi ya karanga. Mifupa iliyopikwa hupasuka vipande vyenye ncha. Kokwa la parachichi huziba utumbo, na miti ya parachichi imejaa viwanja vya Nairobi, kwa hiyo kagua anapolala nje.

Mnyama asiyetembea hunenepa upesi, na kila kilo ya ziada inabebwa na viungo vilevile vinavyouma. Chakula cha mchezo kitoke kwenye kipimo cha siku, kisiongezwe juu yake.

Mchezo uchukue muda gani?

Anza na dakika tano, mara mbili au tatu kwa siku. Kunusa na kufikiri kunachosha kuliko wengi wanavyodhani. Acha akiwa bado anataka. Akipiga miayo, akilamba midomo bila chakula, akigeuza kichwa, au akihema wakati hakuna joto, ametosheka. Wenye viungo vinavyouma wengi huwa wagumu asubuhi. Waanzie saa nne, jua likishapasha sakafu.

Ni michezo gani isiyo ya chakula?

Mfundishe kugusa kiganja chako kwa pua ukisema "gusa". Kila akigusa, msifu. Baadaye sogeza kiganja kidogo kushoto, kidogo kulia, na tayari ana zoezi la shingo. Mfundishe pia majina ya vitu viwili vitatu, mpira na kamba kwa mfano, akuonyeshe kwa kutazama.

Halafu mzungumzie. Mbwa mwingi wa nyumba zetu amezoea sauti za watu jikoni, redio, watoto wakirudi shule. Kumhamishia chumba cha nyuma kwa sababu ananuka mkojo ni kumnyang'anya hayo yote. Ni afadhali kushughulikia mkojo, na swali lake liko chini kwenye hali ngumu.

## Mahali anapokaa

Sakafu yetu ni vigae na anateleza. Nifanyeje bila gharama kubwa?

Vigae ni adui mkubwa wa mbwa wa fleti. Mnyama anayeogopa kuteleza huacha kujaribu, na asipojaribu misuli huisha. Tandika njia, si chumba kizima: kutoka anapolala hadi kwenye maji, hadi kwako kwenye kochi, hadi mlangoni. Mikeka ya yoga ya mitumba kutoka masoko ya Toi au Gikomba inashika sakafu vizuri na inaoshwa. Zulia dogo lisilo na mpira chini linateleza pamoja naye, heri usiliweke. Mkate kucha, na manyoya yaliyoota kati ya vidole yapunguze.

Alale juu ya nini, hasa msimu wa baridi?

Sponji nene na imara, isiyobonyea mpaka chini, yenye kifuniko cha plastiki na juu yake blanketi linalofuliwa. Nairobi iko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na kuanzia Juni hadi Agosti saruji huwa baridi usiku kucha. Viungo vyenye ugonjwa hukaza zaidi miezi hiyo. Inua kitanda kwa mbao au magodoro mawili membamba, mbali na mlango.

Chupa ya maji moto ni nzuri kwa mwenye hisia mwilini, ikizungushiwa taulo. Kwa aliyepooza nyuma usiiweke kabisa upande huo. Hasikii joto, hawezi kujiondoa, na ataungua bila kulia.

Asiyeweza kujigeuza ageuzwe kila baada ya saa mbili hadi nne, la sivyo atatoka vidonda kwenye nyonga na viwiko. Kila unapomgeuza, badilisha na anachokitazama. Kumgeuza kwa faida ya ngozi kunakuwa pia kumfungulia upande mpya wa nyumba.

Mahali gani ni bora kumweka mchana?

Penye matukio. Karibu na mlango wa jikoni, kwenye baraza lenye kivuli, dirishani. Kunguru na kwarara pekee wanatosha kumshughulisha paka saa nzima asubuhi. Maji yawe hapo hapo, na bakuli la pili mahali pengine, kwa maana anayeumwa na kuinuka hujinyima maji kimyakimya.

Akila, awe ameegemea kifua na kichwa kimeinuka, si amelala ubavu. Chakula kinaweza kuingia mapafuni.

## Kutoka nje

Naishi ghorofa ya nne na hakuna lifti. Atatokaje?

Mdogo hubebwa. Kiondo kipana kilichotandikwa taulo, au mbeleko uliyoifunga kifuani, vinatosha kwa paka au mbwa wa kilo chache. Mkubwa mwenye miguu ya mbele mizima hushuka kwa msaada wa taulo refu au leso iliyokunjwa, ikipita chini ya tumbo karibu na mapaja, nawe ukiishika juu kama mpini. Mwendo uwe wake. Usimnyanyue mpaka mgongo ukapinda, na kama ana shida ya diski muulize daktari kwanza kuhusu ngazi.

Siku ambazo haiwezekani, roshani inatosha. Robo saa ya upepo, jua la saa tatu na kelele za mtaa ni matembezi ya maana kwake. Ziba mapengo ya vyuma vya roshani kwa wavu, maana mnyama asiyeimarika miguu huteleza mahali ambapo mwenzake mzima angepita salama.

Je, gari la mtoto la kusukuma linafaa?

Linafaa sana, na yale ya mitumba yanapatikana. Ondoa kiti, weka ubao na sponji, mfunge kwa mkanda wa kifuani, kamwe si wa shingoni. Kabla ya safari ya kwanza mwache alinuse likiwa limesimama sebuleni siku kadhaa.

Msitu wa Karura unaruhusu mbwa waliofungwa kamba, na njia zake pana zinapitika na magurudumu wakati wa kiangazi. Simama mara kwa mara, mshushe chini ya mti mmoja, anuse mpaka achoke. Mti mmoja ulionuswa vizuri una faida kuliko kilomita tatu za kusukumwa. Mkirudi mkague kupe masikioni, kwapani na kati ya vidole.

Na kigari cha magurudumu cha kufungwa nyuma?

Kwa mbwa aliyepooza nyuma na mwenye mabega yenye nguvu, kigari humrudishia kitu ambacho michezo yote ya hapo juu haiwezi: kukimbilia anapotaka mwenyewe. Mafundi wa chuma wa Kamukunji wanaweza kutengeneza fremu nyepesi ukiwapelekea vipimo, na wengine hutumia mabomba ya plastiki ya maji na magurudumu ya gari la mtoto. Vipimo vichukuliwe na daktari au mbele yake: urefu wa mgongo, upana wa nyonga, kimo kutoka chini hadi kwenye kinena. Kigari kikiwa kirefu mno, uzito wote hulalia mabega.

Mara ya kwanza dakika tano hadi kumi, penye nyasi au murram tambarare. Ngozi ikaguliwe kila anapotolewa. Asiachwe peke yake ndani yake, kwa kuwa hawezi kulala, na kikipinduka hawezi kujitoa. Kwenye lami vika miguu ya nyuma soksi au uiinue kwa utepe isiburuzwe.

## Paka

Paka wangu ameacha kuruka kabatini. Ni uzee tu?

Mara nyingi ni viungo, na paka huficha maumivu kuliko mbwa. Haachi kupenda mahali pa juu, anashindwa kufika. Mjengee ngazi za makreti ya soda au masanduku ya mbao, kila hatua fupi na iliyofunikwa kapeti, hadi dirishani. Kisanduku cha choo kiwe na ukingo mmoja uliokatwa chini, la sivyo ataanza kujisaidia kando na watu watasema ni ukaidi.

Hawezi tena kujilamba mgongoni, kwa hiyo mchane kwa brashi laini kila siku. Mswaki mpya uliolowekwa maji ya uvuguvugu, ukimpitishia mashavuni na utosini, unafanana na ulimi wa mama yake, na paka wengi hufumba macho hapo hapo.

Anawinda vipi akiwa hawezi kukimbia?

Windo limwendee. Funga unyoya kwenye kamba, uuburute polepole chini ya gazeti, usimame, uuburute tena. Kwa paka kuvizia ni sehemu kubwa ya uwindaji, na kuvizia hakuhitaji miguu. Mwache akamate mara kwa mara, kisha umpe omena. Taa ya nukta nyekundu siipendekezi, kwa kuwa hana anachokamata mwishowe. Kamba isibaki sakafuni, paka akiimeza hukata matumbo.

Maua ya lili yasiingie nyumba yenye paka, hata yale ya zawadi. Chavua yake tu akijilamba inaweza kuua figo.

## Mbwa wa ulinzi

Mbwa wetu amelinda kiwanja miaka mingi, sasa nyonga zimekwisha. Anahuzunika akisikia geti. Tufanye nini?

Swali hili linanigusa kuliko mengine. Desturi ya Nairobi ni mbwa kufungiwa bandani mchana na kufunguliwa usiku. Akishindwa kuzunguka, hubaki bandani mchana na usiku. Yeye hajui kwamba amestaafu. Akisikia gari, mwili unataka kwenda.

Mpe zamu anayoiweza. Kitanda chake kihamie karibu na geti, chini ya paa, mahali anapoona miguu ya wapitao chini ya lango na kunusa kila anayeingia. Mgeni akija, mlinzi amlete kwanza kwa mbwa anuswe. Mbwa mpya akiletwa asilale mahali pa mzee, na mzee alishwe wa kwanza. Jioni mlinzi amzungushe kwa leso ya tumboni hadi kwenye ua mmoja tu, ule aliokuwa akiukojolea kila siku. Nimeona mzee wa aina hiyo akisimama hapo amefumba macho nusu, anavuta hewa ya ukuta wote, kisha anabweka mara moja barabarani na kukubali kurudi.

Asifungwe mnyororo. Anayeyumba hujinyonga nao.

## Hali ngumu

Daktari amesema akae kizimbani wiki 6. Atapata wazimu!

Baada ya kuungwa mfupa, wiki 6 hadi 8 ni kawaida, na mruko mmoja unaweza kuharibu kazi yote. Hapa michezo ni ya kichwa peke yake: trei ndani ya kizimba, barafu ya mchuzi, "gusa" bila kuinuka, harufu moja mpya kila siku. Kizimba kiwe sebuleni, na nusu yake ifunikwe kwa kitambaa ili achague kutazama au kujificha. Epuka chochote kinachomfanya arukeruke, pamoja na wageni wanaomsalimia kwa shangwe.

Hawezi kuzuia mkojo. Naogopa kumweka na watu.

Wengi waliopooza hukamuliwa kibofu mara tatu au nne kwa siku. Daktari akufundishe kwa mikono yake, usijifunze kwa kubahatisha. Kibofu kikiwa kitupu, saa moja au mbili sebuleni haina shida. Nepi ya mtoto iliyotobolewa tundu la mkia hufaa, ila ibadilishwe mara kwa mara. Mwoshe kwa maji ya uvuguvugu na umkaushe kabisa: mkojo huchoma ngozi, na penye unyevu nzi hutaga, funza wakaingia ndani ya siku moja. Dawa za kusafishia zinazogeuka nyeupe zikitiwa maji zisitumike mahali paka analala. Mkojo ukinuka vibaya kuliko kawaida au ukiwa na damu, mpeleke kliniki.

Sungura wangu hawezi kuruka tena. Naye anahitaji haya?

Ndiyo. Asikae juu ya waya, nyayo zitatoka vidonda. Tandika nyasi kavu nene. Nyasi ndizo chakula na ndizo mchezo, zijaze kwenye mkebe wa karatasi avute mwenyewe. Mzungushie dhania na majani ya karoti mahali pa kufikia kwa shingo. Sungura asiyekula kwa nusu siku ni mgonjwa wa dharura. Na asikae peke yake kama alikuwa na mwenzake.

Jirani amemtelekeza mbwa aliyepooza. Naweza kufanya lolote?

Zungumza naye kwanza, na ujitolee kazi moja, kama kumgeuza jioni. Wengi wamelemewa tu. Ikishindikana, peleka habari kwa KSPCA, chama cha kulinda na kutunza wanyama, kilichoko Karen. Sheria ya kuzuia ukatili kwa wanyama, Sura ya 360, inafanya kuwa kosa kumwacha mnyama ateseke bila sababu.

Nitajuaje kwamba hafurahii maisha tena?

Andika vitu vitano alivyokuwa akivipenda, vikiwemo vya hali yake ya sasa: omena, jua la asubuhi, kuchanwa, sauti ya mtoto fulani, harufu ya viatu vyako. Weka alama kalendani kila jioni, siku nzuri au mbaya. Daktari Alice Villalobos wa Marekani alitunga kipimo kinachouliza kuhusu maumivu, kula, maji, usafi, furaha, mwendo, na kama siku nzuri ni nyingi kuliko mbaya. Keti na daktari wako mkijibu pamoja. Tazama kwamba mwendo ni kimoja tu kati ya hivyo. Kutotembea peke yake si sababu ya kumlaza kwa sindano asiamke tena. Maumivu yasiyoshikika kwa dawa, na kugeuzia kisogo kila kitu kwenye orodha yako, ni sababu ya kulizungumza bila kuahirisha.

Desemba tunakwenda ushago. Nani atamwangalia?

Safari ndefu ya gari haimfai asiyeweza kujishikilia, hasa mwenye shida ya diski. Mtafute mtu mapema, na asiwe wa kulisha tu. Andika karatasi moja: saa za kugeuza, za dawa, za kukamua kibofu, mchezo wa asubuhi na wa jioni, harufu anazopenda, vyakula marufuku. Acha shati ulilolivaa bila kulifua, moja kwa kila wiki, yafungwe kwenye mfuko ili harufu isiishe, yatolewe moja moja. Ulizia kliniki ipi itakuwa wazi sikukuu, na uache pesa ya teksi. Mtu huyo aje kabla hujaondoka, atazame unavyofanya kazi yote ya siku moja, kisha siku inayofuata aifanye yeye nawe ukiwa umekaa pembeni.